Askari wa Ng'ambo

Kwa watu wa Lituhi, Liuli na Mbamba Bay, neno ng'ambo lina maana mbili. Mjini Dar es Salaam ukisema fulani yuko ng'ambo, msikilizaji anafikiria Ulaya au Marekani. Katika mwambao wa Ziwa Nyasa, ng'ambo ni kule jua linakozama, yaani Malawi. Anayekwenda ng'ambo kwa shemeji yake havuki bahari, anavuka ziwa.

Habari hii ni ya askari aliyetunukiwa nishani kwa ushujaa wa vitani, mbali na kwao. Alikuwa askari wa ng'ambo kwa maana zote mbili: alipigana katika nchi ya watu, na kwa sisi tulio upande huu wa maji alikuwa mtu wa ng'ambo. Jina lake Chancy Chitete, praiveti wa jeshi la Malawi. Lakini siwezi kumfikia bila kupitia Liuli, maana mara ya kwanza silaha za pande hizi mbili zilipokutana hazikukutana kwa wema.

Wajerumani waliiita Liuli Sphinxhafen, kwa sababu ya mwamba uliopo pale ambao ukiutazama kutoka majini unafanana na lile sanamu la Misri, lenye kichwa cha mtu na kiwiliwili cha simba. Ilikuwa bandari yao ndogo, na hapo ndipo meli yao Hermann von Wissmann ilipokuwa ikitengenezwa. Upande wa pili Waingereza walikuwa na Gwendolen. Nahodha wa meli ya Kiingereza aliitwa Rhoades, wa meli ya Kijerumani Berndt. Walikuwa marafiki, na wakikutana bandarini walikunywa pamoja. Ziwa lilikuwa kubwa, Wazungu walikuwa wachache, na pombe ilikuwa ileile.

Tarehe 13 Agosti 1914, siku tisa baada ya Uingereza kuingia vitani dhidi ya Ujerumani, Rhoades akatokea mbele ya Liuli. Meli ya Wajerumani ilikuwa imepandishwa nchi kavu kwa matengenezo, haiwezi kwenda popote. Mzinga wa Gwendolen ukaanza kulia. Makombora ya mwanzo yalikosa, kwa sababu mpigaji hakuwa na mazoezi na zana zenyewe zilikuwa zimekaa mno. Hatimaye moja likapata. Hapo Berndt, ambaye habari za vita zilikuwa hazijamfikia, akaingia katika mtumbwi na kumfuata rafiki yake akiwa amefura kwa hasira, akimuuliza kama amelewa. Rhoades akamweleza kwamba vita imeanza, kisha akamchukua mateka. Magazeti ya London yaliandika kwa fahari juu ya ushindi wa majini katika Ziwa Nyasa, na wengi wanautaja kuwa wa kwanza wa majini kwa Waingereza katika vita ile.

Kisa hiki kila anayekisimulia hucheka, na mimi nimecheka. Kicheko hakikai sana. Mei 1915 Waingereza walirudi Liuli, safari hii wakiwa na askari wa Keya, yaani King's African Rifles, jeshi lao la Waafrika, wakaiharibu ile meli kwa baruti. Mwaka uliofuata askari kutoka Nyasaland wakaingia nchi ya Ungoni, na ilipofika Septemba 1916 walikuwa wameshika Songea. Nyuma yao walitembea wapagazi. Huku Tanganyika watu wa kazi ile waliitwa Kariakoo, jina ambalo soko la Dar es Salaam linalo hadi leo. Nyasaland waliitwa tengatenga. Walibeba risasi, unga na majeruhi, wakafa zaidi kwa kuhara na njaa kuliko kwa risasi.

Kuna mtu mmoja upande wa ng'ambo aliyekataa mapema. Mchungaji John Chilembwe aliandika barua gazetini Novemba 1914, baada ya vita vya Karonga, akihoji kwa nini Waafrika wamwage damu katika ugomvi usiowahusu. Januari 1915 akaanzisha uasi, akauawa. Nalitaja jina lake kwa sababu ukisoma habari za nishani unaweza kudhani kila aliyevaa sare aliivaa kwa hiari.

Kilichofuata ndicho kinachonivutia zaidi katika habari nzima ya Keya. Mwaka 1917 Waingereza walihitaji watu, wakaunda upya kikosi cha 6 cha Keya kutokana na askari waliokuwa wamewateka kutoka jeshi la Wajerumani. Askari yuleyule aliyekuwa akimlinda Mjerumani sasa alimlinda Mwingereza, kwa bunduki nyingine na amri za lugha nyingine, huku Kiswahili cha kambini kikibaki kilekile. Vita ilipokwisha, kikosi hicho cha 6 kikawa cha Tanganyika. Cha kwanza na cha pili vilikuwa vya Nyasaland. Kwa hiyo vijana wa pande mbili za ziwa moja wakawa ndugu wa jeshi moja, ingawa baba zao walikuwa wamelengana bunduki.

Vita ya pili ilipoanza mwaka 1939, Tanganyika ilitoa zaidi ya wanaume 80,000. Nchi ya Ruvuma ilitoa watu wake: Wangoni wa Songea, Wamatengo wa milima ya Mbinga ambao ukoloni uliwakuta wakilima kwa ngoro na ukawaongezea kahawa, Wanyasa na Wamanda wa pwani ya ziwa. Wapo waliokwenda kwa kupenda mshahara, na wapo waliokwenda kwa sababu jumbe aliambiwa atoe watu. Walipelekwa Kenya kwanza, kisha Uhabeshi, kisha mbali zaidi ya hapo.

Uhabeshi ndiko kikosi cha 6 kilikopatia medali yake kubwa. Tarehe 19 Mei 1941, mahali paitwapo Colito, batalioni ya kwanza ya kikosi hicho ilivuka mto Billate na kukabiliwa ghafla na vifaru vya Waitaliano. Sajenti Nigel Leakey, mlowezi aliyezaliwa Kenya, alirukia kifaru kimoja, akafungua kifuniko, akawapiga risasi waliokuwamo na kumlazimisha dereva akiendeshe hadi upande wa wenzake. Kisha, akiwa na watu wachache, Waafrika miongoni mwao, akaenda kuviwinda vifaru vingine. Alipanda kingine, akauawa juu yake. Kaburi lake halijulikani. Novemba 1945 alitunukiwa Msalaba wa Victoria, nishani ya juu kabisa ya Uingereza.

Ndiyo ikawa medali ya batalioni ya Watanganyika. Haikuvaliwa na Mtanganyika. Katika vita ile hakuna askari Mwafrika wa Keya aliyepewa Msalaba wa Victoria. Wao walipewa medali za chini yake, ile ya mwenendo bora vitani na Medali ya Kijeshi, na waliozipata walizistahili. Simvui Leakey sifa zake. Mtu anayerukia kifaru akiwa na bastola hahitaji kutetewa na mtu yeyote. Ninachouliza ni kuhusu wale aliokwenda nao kwenye majani, na kwa nini majina yao hayakufika London.

Kuna Mwingereza mwingine wa nishani hiyohiyo ambaye Tanganyika ilimjua kwa karibu. Kapteni Eric Wilson alipigana Somalia mwezi Agosti 1940, siku kadhaa kwenye kilima huko Tug Argan, akipiga bunduki ya rashasha huku akiwa amejeruhiwa. Serikali ilidhani amekufa, ikamtangaza mshindi wa Msalaba wa Victoria kama marehemu. Kumbe alikuwa mfungwa wa Waitaliano, akasikia habari za nishani yake akiwa kifungoni. Alipigana tena Burma, na baada ya vita akaja kuwa mtawala wa serikali ya kikoloni Tanganyika hadi mwaka wa uhuru. Alikufa mwaka 2008 akiwa na miaka 96.  

Septemba 1942 brigedi ya 22 ya Afrika Mashariki ilipelekwa Madagaska kupigana na Wafaransa wa serikali ya Vichy. Ndani yake kulikuwa na batalioni ya kwanza ya Nyasaland, batalioni ya Watanganyika iliyotoka Colito, na batalioni ya Wakenya. Hapo watu wa pande mbili za ziwa walivuka bahari pamoja, wakatembea barabara zilizozibwa kwa magogo na mawe kutoka kaskazini mwa kisiwa hadi kusini. Gavana wa Kifaransa, Annet, alikubali kusalimu amri tarehe 6 Novemba, dakika moja tu baada ya saa sita usiku. Inasemekana alikuwa akihesabu siku: Waingereza walitua kwa mara ya kwanza tarehe 5 Mei, na askari wa Kifaransa aliyepigana miezi sita alikuwa na haki ya medali na malipo ya ziada. Ndiyo maana mimi medali naziheshimu, ila naziheshimu nikiwa na kalamu mkononi.

Bahari yenyewe ilikula watu. Tarehe 12 Februari 1944 meli Khedive Ismail, iliyotoka Mombasa kuelekea Sri Lanka, ilipigwa na nyambizi ya Wajapani karibu na visiwa vya Maldivi. Ilizama ndani ya dakika chache na karibu watu 1,300 wakafa, wakiwamo mamia ya wapiga mizinga wa Afrika Mashariki. Kati yao wapo waliokulia mbali na bahari, na bahari ya kwanza waliyoiona ndiyo iliyowazika.

Wengi wa waliofika Burma kupigana na Wajapani walikuwa katika divisheni ya 11, yenye kichwa cha kifaru mnyama begani. Orodha ya brigedi zake ukiisoma kwa jicho la mtu wa ziwani ina utamu wake. Katika brigedi ya 26 kulikuwa na batalioni ya 22 ya Nyasaland, ya 36 ya Tanganyika na ya 44 ya Uganda, bega kwa bega. Batalioni nyingine ya Tanganyika, ya 26, ilikuwa katika brigedi ya 25. Kuanzia Agosti 1944 walishuka bonde la Kabaw wakati wa mvua, bonde ambalo Waingereza walikuwa wakiliepuka kwa malaria na homa nyingine. Malori yalizama matopeni na chakula kilidondoshwa kwa ndege. Tarehe 2 Desemba waliingia Kalewa kwenye mto Chindwin, na hapo wahandisi wakajenga daraja la chuma la zaidi ya mita 350, lililokuwa refu kuliko yote ya aina yake kwa wakati huo. Huko wakaongea Kiswahili kilichokatwakatwa cha Keya, na Chinyanja, lugha ambayo Mnyasa wa Liuli anaielewa bila mkalimani.

Kisha wakarudi. Kila mmoja alishuka upande wake wa ziwa.

Majina ya vita yalirudi nao. Kambi ya Dar es Salaam iliitwa Colito, kambi ya Tabora ikaitwa Kalewa. Tanganyika ilipopata uhuru, kikosi cha 6 na cha 26 vikabadilishwa jina kuwa Tanganyika Rifles, lakini makamanda walibaki Waingereza na mshahara ulibaki mdogo. Usiku wa kuamkia tarehe 20 Januari 1964 askari wa Colito wakaasi, kesho yake Tabora wakafuata. Waingereza walioitwa kuja kuuzima uasi walitua kwa helikopta kutoka meli Centaur asubuhi ya tarehe 25. Jeshi lile likavunjwa, na Septemba mwaka huohuo likazaliwa Jeshi la Wananchi wa Tanzania. Colito ikaitwa Lugalo, jina la mahali ambapo mwaka 1891 Mkwawa aliliangamiza jeshi la Wajerumani chini ya Zelewski. Mabadiliko hayo nayaona yalikuwa ya haki. Hata hivyo wazee waliovuka Billate mwaka 1941 walipoteza mahali pekee nchini palipobeba jina la siku yao.

Malawi nayo ilipata uhuru Julai 1964, na batalioni ya kwanza ya Keya ikawa Malawi Rifles. Hapo ziwa likaanza kuleta neno. Mkataba wa Waingereza na Wajerumani wa tarehe 1 Julai 1890 uliweka mpaka kwenye ufuko wa mashariki, yaani maji yote upande wa Nyasaland. Kwa kuufuata mkataba huo, mwanamke wa Liuli anayechota maji ziwani anachota nchi nyingine. Mwaka 1967 serikali ya Nyerere ikasema rasmi kwamba mpaka upite katikati ya maji. Rais Banda akajibu kwa ukali, na mwaka uliofuata akadai hata sehemu za nyanda zetu za juu kusini. Maneno yalitulia miaka mingi bila kwisha, yakafufuka mwaka 2011 Malawi ilipotoa kibali cha kutafuta mafuta ziwani. Mwaka 2012, mwaka uleule Wilaya ya Nyasa ilipokatwa kutoka Mbinga na Mbamba Bay kuwa makao makuu yake, mazungumzo yakakwama. Mwaka 2013 viongozi wastaafu wa Afrika, chini ya Joaquim Chissano wa Msumbiji, wakakabidhiwa usuluhishi.

Mwaka huohuo wa 2013, tarehe 28 Machi, Baraza la Usalama la Umoja wa Mataifa lilipitisha azimio namba 2098 na kuunda brigedi ya kuingilia kati mashariki mwa Kongo, watu 3,069, wenye ruhusa ya kushambulia na si kulinda tu. Nchi zilizotoa batalioni zilikuwa tatu: Afrika Kusini, Tanzania na Malawi. Kamanda wa kwanza alikuwa Mtanzania, Brigedia Jenerali James Mwakibolwa. Mawaziri wakiendelea kubishana juu ya mstari ndani ya maji, watoto wa pande zote mbili walikuwa wakilala katika kambi moja. Novemba mwaka ule waasi wa M23 walikuwa wameshindwa.

Waasi wa ADF, wanaojificha kwenye misitu ya Beni, walikuwa kazi nyingine. Tarehe 7 Desemba 2017 waliivamia kambi ya Semuliki, na Watanzania wasiopungua 14 waliuawa. Tanzania haijawahi kupoteza idadi hiyo kwa siku moja katika kulinda amani. Agosti 2018 ukaja ugonjwa wa Ebola katika eneo hilohilo, na waganga hawakuweza kuingia vijijini kwa sababu ya mashambulizi. Ndipo operesheni ikapangwa dhidi ya ngome ya waasi huko Kididiwe.

Novemba 14, 2018, Wamalawi na Watanzania walikuwa pamoja Kididiwe walipomiminiwa risasi. Katika kurudi nyuma, Koplo Ali Khamis Omary wa Tanzania alijeruhiwa vibaya, akawa hawezi kujongea, na mahali alipoanguka palikuwa wazi mbele ya adui. Praiveti Chitete alimwona. Akamwendea peke yake, akamburuta hadi penye kinga, akaanza kumzuia damu isiendelee kutoka. Akiwa katika kazi hiyo, risasi ikampata.

Walinda amani saba walikufa katika mapigano yale, Wamalawi sita na Mtanzania mmoja. Chitete alikuwa miongoni mwa wale sita.

Nishani aliyopewa inaitwa Medali ya Kapteni Mbaye Diagne ya Ushujaa wa Pekee. Diagne alikuwa afisa wa Senegal, mwangalizi asiye na silaha mjini Kigali mwaka 1994, aliyewapitisha mamia ya watu kwenye vizuizi vya wauaji kwa maneno, mzaha na sigara, mpaka kombora lilipomuua tarehe 31 Mei. Baraza la Usalama liliianzisha medali hiyo mwaka 2014, na mwaka 2016 ikakabidhiwa kwanza kwa familia ya Diagne mwenyewe. Baada ya hapo haikupewa mtu hadi tarehe 24 Mei 2019, pale familia ya Chitete ilipoipokea New York kutoka kwa Katibu Mkuu António Guterres. Medali nyingine, yenye jina la Dag Hammarskjöld, hutolewa kwa kila mlinda amani aliyekufa kazini. Hammarskjöld, Katibu Mkuu wa Umoja wa Mataifa wakati ule, naye alikufa kwa ajili ya Kongo, ndege yake ilipoanguka karibu na Ndola mwaka 1961. Hiyo waliistahili wote saba, yule Mtanzania akiwamo.

Tofauti na Colito, safari hii jina lililofika ng'ambo ya mbali lilikuwa la praiveti mwenyewe, Mwafrika wa cheo cha chini kabisa, na ripoti ilimtaja pia kwa jina yule aliyeokolewa. Mpaka wa ziwa bado unazungumzwa. Kwenye ramani zinazochapwa Dar es Salaam mstari unapita katikati ya maji, na kwenye ramani za Malawi unapita ufukoni, chini ya ule mwamba wa Liuli ambako Rhoades alipiga mizinga.

Koplo Omary alipona.